Merikebu, Mapenzi na Muungano: Zanzibar ilipokuwa na wajumbe wake

Tarehe 30 Aprili 1840, merikebu yenye bendera nyekundu tupu, isiyo na nyota wala mstari, ilitia nanga katika bandari ya New York. Jina lake Sultana. Ndani yake kulikuwa na mabaharia waliovaa vilemba, farasi wawili wa Kiarabu, na bwana mmoja wa makamo mwenye ndevu zilizotunzwa, aliyevaa kanzu na joho. Watu wa mji ule walijaa gatini kushangaa. Ingekuwa enzi zetu hizi, simu zote zingekuwa juu.

Bwana yule aliitwa Ahmad bin Na'aman. Alikuwa katibu wa Seyyid Said bin Sultan, mtawala wa Oman na Zanzibar, na alikuwa ametumwa rasmi. Merikebu ilianzia Muscat mwishoni mwa 1839, ikapita Zanzibar kupakia mzigo, ikaondoka Februari na kuzunguka Rasi ya Tumaini Jema. Mfereji wa Suez ulikuwa haujachimbwa, huo ulifunguliwa 1869. Kwa hiyo hesabu mwenyewe: karibu miezi mitatu baharini bila kugusa nchi kavu ya maana. Na wewe unalalamika ukichelewa saa nne kwenye kiwanja cha ndege!

Kabla sijaendelea, nikwambie kwa nini mimi, mwandishi wa kurasa za mapenzi na maisha, nimeingia kwenye mambo ya mabalozi. Mume wangu ni mtu wa Unguja. Mimi ni wa Bara, tena Bara ya ndani kabisa. Kwa wenzetu Muungano ni mada ya bungeni, kwetu sisi ni mada ya chakula cha jioni. Tukianza kubishana nani apike, kwa mtindo gani, nazi kiasi gani, dakika kumi haziishi tumeshafika mwaka 1964. Siku moja nikamtania, nikamwambia, “Nyie mliwahi kuwa nchi kweli au mnajisemea tu?” Akaweka kijiko chini. Yaani hakukasirika, ila alinyamaza kile kimya ambacho walioolewa mnakijua. Halafu akasema, “Bibi wee, sisi tulikuwa na mjumbe New York wakati kwenu bado hakujafika hata posta.”

Basi nikaenda kusoma. Mtu akikujibu hivyo huwezi kulala tu.

Biashara ilianza kabla ya ubalozi

Tusidanganyane, uhusiano ule haukuanza kwa urafiki. Ulianza kwa nguo. Wafanyabiashara wa Salem, mji mdogo wa bandari huko Massachusetts, walikuwa wakija Zanzibar kununua pembe za ndovu, sandarusi na ngozi. Sandarusi ilikwenda kutengenezwa vanishi ya fanicha zao. Pembe zilikwenda kuwa vitana, na baadaye vibonyezo vya piano, kazi iliyoshamiri sana katika jimbo la Connecticut. Wao walileta kitambaa cha pamba kisichopakwa rangi, kigumu, cha kudumu. Watu wetu hawakuhangaika kukitafutia jina: kimetoka Marekani, basi kiitwe merikani. Ukienda dukani leo ukaomba merikani utapewa, na muuzaji hatajua kwamba ametamka historia ya karibu miaka 200. Soko lile lilivunjika Wamarekani walipoanza kupigana wenyewe kwa wenyewe, 1861 hadi 1865, pamba ikaadimika, na vitambaa vya Bombay vikachukua nafasi.

Mwaka 1833 mfanyabiashara mmoja wa New Hampshire, Edmund Roberts, alifika Muscat akiwa na barua ya Rais wa Marekani, na tarehe 21 Septemba Seyyid Said akasaini naye mkataba. Wamarekani wafanye biashara kwa uhuru, walipe ushuru wa asilimia 5 tu. Mwaka 1837 Richard Waters wa Salem akaja Zanzibar kama konseli wa kwanza wa Marekani. Waingereza walileta konseli wao 1841, Wafaransa 1844. Ukiangalia tarehe hizo utaona kwamba Wamarekani ndio waliowahi meza.

Sasa Seyyid Said alikuwa mtu wa kurudisha ziara. Mgeni akija kwako na zawadi, nawe siku moja unabeba kapu lako unakwenda kwake. Ndipo Sultana ikatumwa.

Zawadi ambazo mwenye nyumba hawezi kupokea

Mzigo wa biashara ulikuwa tende, mazulia ya Kiajemi na kahawa ya Moka kutoka upande wa kaskazini, na kutoka Zanzibar pembe, sandarusi, karafuu na ngozi. Lakini kando ya mzigo huo kulikuwa na zawadi za Rais Martin Van Buren mwenyewe: wale farasi wawili, lulu, upanga uliopambwa kwa dhahabu, zulia, mashali, na mafuta ya waridi. Jamani, hayo mafuta ya waridi! Mwanamke yeyote wa Pwani atakwambia kwamba chupa ya mafuta safi ya waridi si zawadi ya kuleta mchezo.

Van Buren akakwama. Katiba ya nchi yake inakataza mwenye wadhifa kupokea zawadi kutoka kwa mfalme au dola ya kigeni bila idhini ya Bunge. Tena mwaka ule ulikuwa wa uchaguzi, wapinzani wake wakimsema kwamba anaishi kifahari Ikulu wakati wananchi wana njaa. Fikiria basi farasi wa Sultani wanaingia getini! Akarudisha suala kwa Bunge. Wabunge wakajadili farasi na lulu kama wanavyojadili bajeti, mwisho wakaamua: vinavyoweza kuhifadhiwa vihifadhiwe Washington, vingine viuzwe, fedha ziingie hazina ya serikali. Farasi wakauzwa. Lulu zikaishia kwenye mkusanyo wa makumbusho ya Smithsonian. Na Van Buren uchaguzi akashindwa vilevile.

Hapa mimi na mume wangu tulitofautiana kabisa. Yeye anaona ni utovu wa adabu. Mtu avuke bahari mbili na zawadi halafu umwuzie farasi wake mnadani? Kwao zawadi ukiikataa umemkataa aliyeileta. Mimi niliyewahi kufanya kazi ofisi ya manunuzi naona Van Buren alifanya sawa, na ningependa wakubwa wengi wa siku hizi wasome kisa hiki. Mama mkwe wangu alipoulizwa aamue, alisema, “Mwanangu, zawadi apewe mke wa mkubwa, si mkubwa. Basi hakuna kesi.” Nikamwambia, mama, Van Buren alikuwa mjane miaka 21. Akasema, “Ndiyo maana alibabaika.”

Lakini kama wenyeji, Wamarekani hawakuwa wachoyo. Sultana ilikuwa imechoka na safari. Wakaiingiza kwenye karakana ya jeshi la majini kule Brooklyn, wakaikarabati yote kwa gharama zao. Baraza la mji likamkirimu Ahmad, akatembezwa, akakaribishwa. Mchoraji Edward Mooney akamchora picha, na mchoro huo uko Salem, kwenye makumbusho ya Peabody Essex. Nimeuona kwenye kitabu. Kilemba kimefungwa vizuri, macho yanakutazama moja kwa moja, hana haraka. Mume wangu anasema anafanana na ami yake. Mimi nimeshawaona ami zake wote na sikubaliani, ila nimemwachia.

Agosti 1840 merikebu ikang'oa nanga kurudi, imebeba bidhaa na zawadi za kumjibu Sultani: mashua ya kifahari, vioo vikubwa, silaha za kisasa. Ilifika Zanzibar Desemba. Miezi kumi tangu iondoke.

Wengi huandika kwamba Ahmad alikuwa mjumbe wa kwanza wa Kiarabu kufika Marekani. Si kweli hasa, kwa sababu mjumbe wa Tunis, Mellimelli, alifika Washington mwaka 1805. Na jingine la kusema wazi: Wakati ule Zanzibar na Oman zilikuwa chini ya mtu mmoja, na Wamarekani wenyewe walimwita “Sultani wa Muscat”. Zilitengana baada ya Seyyid Said kufariki 1856, watoto wake wakagombea urithi, na mgawanyo ukathibitishwa 1861. Kwa hiyo Waomani wanaihesabu safari ile yao, Wazanzibari wanaihesabu yao. Nilipomsomea mume wangu hilo akasema wote wana haki. Nikashukuru, maana ni mara ya kwanza kumsikia akigawana kitu.

Ila kuna upande ambao siwezi kuupamba. Zile pembe zilifika Pwani mabegani mwa watu, wengi wao watumwa. Karafuu zilichumwa na watumwa. Na watu wale walitoka wapi? Walitoka kwetu, Bara, watu wa makabila kama langu. Wakati Ahmad anakirimiwa New York, katika jimbo la jirani la Connecticut walikuwa wamefungwa Waafrika wa meli ya Amistad, waliojikomboa kwa nguvu baharini mwaka 1839 na sasa wanangoja mahakama iseme kama wao ni watu huru au ni mali. Walishinda Machi 1841. Sijasoma popote kwamba pande hizo mbili zilikutana. Soko la watumwa la Zanzibar lilifungwa 1873. Nilipofika hapo ilikuwa zamu yangu ya kuweka kijiko chini, na mume wangu hakutania. Alisema tu, “Hilo nalo ni letu.” Tukanywa chai.

Dada mtu London

Baada ya New York ilikuwa zamu ya London. Seyyid Said alishawahi kumpa mfalme wa Uingereza merikebu nzima ya kivita, iitwayo Liverpool, mwaka 1836. Naye Ali bin Nasser, liwali wa Mombasa, alitumwa kwa Malkia Victoria, na safari yake ya 1842 alikwenda na Sultana ileile. Hayo tuyapite. Ninachotaka kukusimulia ni ziara ya 1875, kwa sababu ile, mpenzi msomaji, ndiyo ya kurasa zetu.

Mwaka ule mtawala mwenyewe, Seyyid Barghash, alikwenda London. Na huko huko Ulaya, Ujerumani, alikuwa akiishi dada yake wa baba mmoja, Bibi Salme.

Salme alizaliwa 1844. Alijifundisha kuandika kwa siri, kwa kunakili herufi kwenye mfupa wa bega la ngamia, maana wasichana wa nyumba ile walifundishwa kusoma tu. Elimu ile ya kuiba ndiyo iliyomponza: mwaka 1859 Barghash alipojaribu kumpindua kaka yao Majid, Salme, mtoto wa miaka 15, ndiye aliyekuwa akiandika barua za njama. Jaribio likashindwa, Barghash akapelekwa Bombay. Baadaye Salme akapatana na Majid, na hilo Barghash hakulisamehe.

Halafu mapenzi. Kijana wa Kijerumani, mfanyabiashara Heinrich Ruete, nyumba yake ilikuwa jirani na ya Salme Mji Mkongwe. Wakaanza kuonana kwa juu, paa kwa paa. Akapata mimba. Kwa mji ule na zama zile, binti wa Sultani na Mkristo, unajua mwenyewe ilikuwa na maana gani. Mwaka 1866 aliondoka usiku kwa manowari ya Kiingereza mpaka Aden. Mwaka uliofuata Ruete akamfuata, Salme akabatizwa na kuitwa Emily, wakafunga ndoa siku hiyohiyo, wakaenda Hamburg. Walipata watoto wengine watatu. Mwaka 1870 mume akafa kwa ajali ya tramu. Mwanamke wa miaka 26, mjane, lugha ngeni, baridi, watoto wadogo, na mali yake yote iko Zanzibar mikononi mwa ndugu.

Basi 1875 akasikia kaka yake yuko London. Akafunga safari kwenda kumwona, atake radhi. Unadhani nani alimzuia? Si kaka. Ni serikali ya Uingereza. Sir Bartle Frere alimwendea kwa upole akamwambia achague: akubali kutoonana na kaka yake, na serikali itashughulikia masomo ya watoto wake, au aendelee na mpango wake na akose yote. Waingereza hawakutaka mgeni wao akasirishwe, walikuwa na mambo yao ya kumwomba. Salme akachagua watoto. Barghash akamaliza ziara akaondoka. Baadaye akaambiwa kwamba kwa kuwa yeye ni raia wa Ujerumani, msaada ule haupo. Ameyaandika yote mwenyewe katika kitabu cha maisha yake kilichotoka 1886.

Miaka kumi baada ya London, 1885, Wajerumani nao wakamleta Zanzibar pamoja na manowari zao ili wamtishie Barghash. Kaka akakataa kumwona tena. Hapo wa kulaumu ni wengi na sitajifanya hakimu. Ila kila nikisoma ukurasa ule wa London nasema mama yule aliuziwa mbuzi kwenye gunia. Alikufa Ujerumani mwaka 1924, hakupatana na ndugu zake.

Siku 132

Zanzibar ikawa himaya ya Uingereza mwaka 1890, na mambo ya nje yakafanywa na wengine. Ilirudi kusimama yenyewe tarehe 10 Desemba 1963. Siku sita baadaye, 16 Desemba, ilipokelewa Umoja wa Mataifa pamoja na Kenya. Bendera ya nchi mpya, nyekundu yenye duara la kijani na karafuu mbili ndani yake, ikapanda New York, mji uleule wa Sultana, miaka 123 baadaye. Haikukaa mwezi. Tarehe 12 Januari 1964 Mapinduzi yakaiondoa serikali ile na bendera yake. Tarehe 26 Aprili Muungano. Kiti cha Zanzibar katika Umoja wa Mataifa kilidumu siku 132. Nimezihesabu kwa kalenda, mume wangu akizirudia nyuma yangu asije akaibiwa hata moja.

Sasa vijana wenzangu wa ofisini, mnaosubiri kupandishwa cheo, sikilizeni hii. Mwaka 1961, kabla hata ya uhuru, kulikuwa na ofisi ya Zanzibar mjini Havana, Cuba, na naibu mkuu wake alikuwa kijana wa miaka 19 aitwaye Salim Ahmed Salim. Akarudi nyumbani, akawa mhariri wa gazeti. Mwaka 1964 akateuliwa balozi Cairo. Miaka 22! Mimi nikiwa na miaka 22 nilikuwa siwezi kuaminiwa hata na ufunguo wa kabati la maofisa. Mwaka ule Muungano ukawa umeshakuja, na kijana yule akawa balozi wa Jamhuri ya Muungano. Akaenda India 1965, China 1969, kisha New York kwa miaka kumi kuanzia 1970. Mwaka 1979 akawa Rais wa Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa. Mwaka 1981 aligombea Ukatibu Mkuu na Marekani ikamzuia kwa kura ya turufu, mara kwa mara, mpaka akapatikana mtu mwingine kabisa.

Mambo ya nchi za nje yalikuwa miongoni mwa mambo 11 ya kwanza ya Muungano, na ndiyo hali hadi leo. Waliosahau walikumbushwa Desemba 1992, Zanzibar ilipojiunga yenyewe na Jumuiya ya Nchi za Kiislamu, mjadala ukawaka nchi nzima, na Agosti 1993 ikajitoa.

Mwezi ujao mume wangu anakwenda nje kikazi, wiki tatu, safari yake ya kwanza ndefu tangu tuoane. Mama yake ameshatuma kifurushi kwa boti: kahawa, karafuu kwenye chupa, na vitambaa viwili vilivyodariziwa, vya wenyeji wake huko aendako. Mimi nimemwambia asome kwanza masharti ya kampuni yao kuhusu zawadi. Yeye amesema atampelekea mke wa mkubwa.